Kutangaza na kuchekesha: njia ya binti wa Dodoma anayezitaka kazi zote mbili

Kutangaza kipindi na kuchekesha ni kazi mbili. Watu wanaona sura moja runingani wanadhani ni kipaji kimoja: leo kakaa kwenye kochi anahoji mgeni, kesho kajifunga kanga anauza zabibu na mbavu zinavunjika. Mimi nazifanya zote mbili hapa Dodoma, na mabinti wanaoniuliza njia nawaambia hivi: ukiwa mtangazaji, wa kuonekana ni mgeni wako. Ukiwa mchekeshaji, wa kuonekana ni mhusika wako. Kote kuwili wewe mwenyewe unarudi nyuma hatua moja, na hiyo hatua ndiyo ngumu kuliko sauti, sura na mavazi.

Wapo waliozibeba zote wakafika mbali. Carol Burnett wa Marekani aliendesha kipindi chake cha vichekesho kwenye runinga ya CBS kuanzia 1967 hadi 1978. Alikuwa anaanza kwa kusimama mbele ya watu waliojaa studio na kujibu maswali yao, yeye kama yeye, ndipo aingie kwenye maigizo. Karibu na kwetu, Anne Kansiime wa Uganda alitokea kwenye majukwaa ya vichekesho Kampala, akasambaa kupitia YouTube, akapata kipindi Citizen TV ya Kenya. Angalia kilicho sawa kwao: kabla ya kutegemea kamera walishazoea watu waliokaa vitini, wanaoweza kukaa kimya usipowachekesha. Kwa hiyo na wewe anza kwa watu.

Sherehe ndiyo shule ya kwanza

Dodoma haina uhaba wa sherehe. Tangu Serikali ianze kuhamia huku mwaka 2016 na mji kutangazwa jiji Aprili 2018, watu wamekuja kutoka mikoa yote na harusi zao, sendofu, kicheni pati na vipaimara. Kila ukumbi unataka MC, na katika shule hii anayelipwa ni mwanafunzi.

Usianze kwa kutaka kuwa MC mkuu. Tafuta MC anayeijua kazi umwombe uwe msaidizi wake: ushike ratiba, uhakiki majina, uwapange wazazi wa pande zote mbili kabla hawajaitwa. Kuhakiki majina ndiyo kazi yenyewe. Mfuate mjomba wa bibi harusi alipokaa, mpe shikamoo, muulize jina lake linatamkwaje na angependa atambulishwe vipi. Katika ukumbi mmoja wa Dodoma utamkuta mkurugenzi wa wizara, mbunge mstaafu, mchungaji na mzee kutoka Mvumi ambaye ndiye mshenga. Ukimsifu mkurugenzi kwa kirefu ukampita yule mzee, nusu ya ukumbi imekufungia masikio na usiku ule huwachekeshi tena. Hata useme "itifaki imezingatiwa" mara ngapi, hawakurudishii.

Jambo la pili utakalojifunza huko ni kujaza muda. Mgeni rasmi kachelewa, keki iko njiani kwenye bajaji, mtu wa muziki anahangaika na waya. Asiyejua anadai makofi hadi watu wachoke mikono. Anayejua ametoka nyumbani na akiba: swali la kumuuliza mtu wa meza ya mbele, kisa kifupi cha familia ile alichokihakiki mchana kwa mama wa bwana harusi, na wimbo ambao ukumbi wote unaujua. Studio ni hivyohivyo. Mtayarishaji atakuambia sikioni "vuta dakika moja, mgeni yuko getini," na uso wako usionyeshe kwamba kuna mtu amesema nawe.

Hilo la sikioni lina zoezi lake, na halina gharama. Weka spika ndogo ya simu kwenye sikio moja, fungulia taarifa ya habari ya redio, kisha simama mbele ya kioo ueleze kwa sauti namna ya kupika mlenda, kuanzia kuchuma majani hadi kuusogeza mezani pamoja na ugali wa uwele. Redio inasema na wewe unasema. Mwanzoni utakatika kila msomaji akitaja jambo linalokuvutia. Endelea kila siku hadi uweze kumaliza pishi lako bila kujikwaa, na bado ukumbuke habari zilizosomwa. Mwenye uwezo huo hatishwi na matangazo ya mbashara.

Kuhoji

Msimu wa Bunge la bajeti, Aprili hadi mwisho wa Juni, mji wetu unajaa watu ambao vituo vya Dar es Salaam vinawatafuta kwa simu. Wako hapa, wanakunywa chai jirani na wewe. Ila usiwakimbilie wakubwa kabla hujajua kuuliza. Jifunzie kwa watu wanaojua kazi zao: fundi wa bodaboda, muuguzi, mkulima wa zabibu wa Mpunguzi au Hombolo.

Chukua huyo mkulima. Ukimuuliza "unajisikiaje kuwa mkulima wa zabibu?" atakujibu "najisikia vizuri," na kipindi kimekufa. Kabla ya kumwita jua kwamba Dodoma zabibu huvunwa mara mbili kwa mwaka, Februari na Machi kisha Agosti na Septemba, na kwamba zabibu iliyokwisha kukatwa haimsubiri mtu. Sasa muulize: "Siku ulipokata zabibu na mnunuzi hakuja, ulizipeleka wapi?" Hapo umempa mlango wa kuingia na kisa chake. Swali liwe moja na fupi, lisibebe jibu ndani yake. Akimaliza, usidakie. Hesabu moyoni moja, mbili, tatu. Watu wengi husema jambo lao la kweli baada ya pale walipodhani wamemaliza.

Na ukiwa mtu wa vichekesho, hapa ndipo mtihani ulipo. Mgeni atasema kitu, ulimi utakuwasha, utaona kabisa mzaha ulivyokaa. Uache upite. Ukiuchukua, watazamaji watacheka na yeye atajifunga, na kipindi chote kilichobaki utakuwa unazungumza na mtu aliyekunja mikono. Akichekesha yeye, cheka kwa moyo wote. Kicheko cha mtangazaji anayemfurahia mgeni wake kinapendwa kuliko mzaha wowote ambao angeusema.

Mhusika

Sehemu hii nitaikalia, maana ndiyo inayoniuma.

Vichekesho vyetu vina deni kwa mtu wa Dodoma. Kwa muda mrefu Mgogo akitokea kwenye igizo ni ombaomba, au mlinzi wa geti asiyeelewa anachoambiwa. Hana anachokitaka, hana anachokijua, lafudhi yake ndiyo kichekesho chote. Mimi ni mjukuu wa bibi aliyepiga ngoma ya muheme Chamwino, ngoma ambayo kwetu ni ya wanawake, na nafasi ya namna hiyo ikiletwa mezani kwangu ikiwa tupu naikataa. Mgogo achekwe kama wengine wote wanavyochekwa. Lakini apewe akili yake kwanza.

Mhusika ninayemwigiza ni mama anayeuza zabibu stendi. Nilimjenga kwa maswali, na maswali hayo unaweza kuyatumia kwa mhusika yeyote. Anataka nini leo? Anataka ndoo zake mbili ziishe kabla basi la mwisho halijaondoka. Anaogopa nini? Anaogopa kina mama wa kwaya wamwone akibishana bei na kijana mdogo. Anaamini nini ambacho si kweli? Anaamini kwamba akiangalia viatu vya abiria anajua anafanya kazi wizara gani. Hapo kichekesho kimeshaanza kabla sijaandika mstari hata mmoja, kwa sababu atampandishia bei dereva aliyevaa viatu vya kuazima, na atampa bei ya bure mkubwa aliyevaa kandambili.

Yeye mwenyewe hajui kwamba anachekesha. Ana haraka, ana hesabu kichwani, ana hasira na jua. Ukiigiza huku jicho lako linawaambia watu "mnaona ninavyochekesha?", umemtoa yule mama ukabaki wewe umejifunga kanga.

Kumpata nilikaa stendi kuu ya Nzuguni nikisikiliza. Usirekodi watu kwa siri. Nunua zabibu, jitambulishe, sema unataka kumwigiza mtu wa kazi kama yake, utashangaa watakavyokufundisha. Wao ndio walionionyesha namna ya kuinua kishada ili jua lipite katikati ya punje, na lile neno la mwisho linalotupwa dirishani basi likiwa limeshaanza kusogea.

Kuna utamaduni wetu wa utani, na kwangu ndio unaoniongoza ninapoandika. Mtani anakutania hata msibani, anaweza kujilaza mahali pa marehemu na kudai fedha ndipo mazishi yaendelee, na hakuna anayekasirika. Lakini mtani huyohuyo ndiye aliyewahi kufika, ndiye anayebeba maji na kushika jembe. Haki ya kutania ameilipia kwa kazi. Kwa hiyo nikitaka kumchekesha mtu kuhusu wauguzi, au walimu, au walemavu, najiuliza: nimewafanyia nini watu hawa, nimekaa nao lini? Kama sijawahi, naiacha skripti hadi nikakae nao.

Jambo jingine. Wanaume wamevaa magauni kwenye vichekesho vyetu kwa miaka mingi, na wengine ni hodari sana. Joti wa kundi la vichekesho la Orijino Komedi akiwa msichana au bibi kizee, nchi nzima ilicheka. Lakini kuna mambo ya mwanamke ambayo mwanamume huyaigiza kwa nje tu. Namna mama anavyotoa fedha iliyofungwa kwenye pindo la kanga mbele ya mtu anayemdai, akihakikisha haonekani kiasi kilichobaki. Ukiwa binti kwenye fani hii una ghala lote hilo. Lichote.

Sasa ufundi wenyewe wa kufikisha kicheko. Neno linalochekesha likae mwisho wa sentensi. Linganisha: "Mchungaji amepita akala zabibu zote za kuonja." Na hii: "Zabibu za kuonja zimeisha, na mteja hajapita hata mmoja. Amepita mchungaji." Ukishatamka "mchungaji," nyamaza. Ukiongeza maelezo umekiua. Isome skripti kwa sauti mbele ya watu wasio na sababu ya kukupendelea, uweke alama walipocheka kweli na walipotabasamu kwa heshima. Pale pa heshima pafute.

Na mwili pia una mapigo. Ukipata nafasi nenda Chamwino kwenye tamasha la muziki wa Kigogo, uwatazame kina mama wa muheme: ngoma kadhaa, kila mmoja na pigo lake, yanapokezana bila kukanyagana. Kuigiza na mwenzako ni kusikia pigo lake liishe ndipo uweke lako.

Kurekodi huku kwetu

Upepo wa Dodoma ni adui wa sauti, hasa kuanzia Juni hadi Septemba. Rekodi nje mapema asubuhi, kabla haujaamka. Maiki ndogo ya kubana kwenye nguo ivike kitambaa cha manyoya au kipande cha sponji, na uvue hereni zinazogongana. Saa sita mchana jua linakuchimbia mashimo ya macho, ingia chini ya mti au subiri saa kumi. Vitenge vya mistari myembamba sana hucheza kwenye kamera, chagua maua makubwa au rangi moja. Ukirudia tendo, lirudie kwa mkono uleule na kwenye neno lilelile, la sivyo anayehariri hatakuwa na pa kuunganisha.

Kutenganisha sura mbili

Ukishaanza kujulikana, watu watataka mhusika aje kila mahali. Kituo kitakuomba useme kauli ya mhusika katikati ya mahojiano. Kataa kwa adabu. Kiti cha kuhoji kikishazoea vichekesho, siku ya jambo zito hutaweza kukikalia.

Na siku hiyo huja. Nimekaa studio na mama aliyefiwa katika ajali ya treni ya Juni 2002, ile ya kati ya Msagali na Igandu iliyoua watu 281. Kabla ya kipindi niliomba mambo machache: tangazo la igizo langu lisirushwe kabla wala baada ya mahojiano, muziki wa kufungulia ubadilishwe, na yule mama aonyeshwe picha zitakazotumika, azikubali yeye mwenyewe. Nilivaa nguo ambayo mhusika wangu hajawahi kuvaa na nywele nikazibana namna nyingine. Mtazamaji alihitaji kuona tangu sekunde ya kwanza kwamba leo hakuna mzaha. Haya ni mambo ya kupanga na mtayarishaji siku moja kabla, yaandikwe, usiyaache yajitokeze yenyewe.

Sheria na usalama wako

Hapa nitapita haraka, ila usiruke. Kipindi kikiwa cha habari, Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 inamtaka mwandishi awe na ithibati, yaani atambuliwe rasmi kuwa mwandishi, kwa hiyo kama una nia hiyo kasomee uandishi. Kwa kuigiza kuna chuo cha sanaa cha TaSUBa pale Bagamoyo. Kazi za sanaa zina Baraza la Sanaa la Taifa, BASATA, filamu na maigizo yana Bodi ya Filamu, hakimiliki iko COSOTA, na ukitaka chaneli ya mtandaoni ya habari waulize Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA, kuhusu leseni kabla hujaanza. Video za kuwashtua watu mtaani bila ridhaa yao achana nazo. Tangu 2022 tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, na hata isingekuwepo, mtu aliyedhalilishwa sokoni Majengo hajakukosea kitu.

Kuna la kusema wazi. Utakutana na mtu mwenye nafasi mkononi atakayekuita usaili usiku, peke yako, mahali ambapo si ofisi. Imenitokea. Usaili wa kweli una saa, una anwani, una zaidi ya mtu mmoja chumbani. Mwambie mtu wa nyumbani unakokwenda, nenda na mwenzako, ukiambiwa mwenzako abaki nje geukeni wote mrudi. Kudai ngono ili kutoa nafasi ni kosa la jinai chini ya Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007, kifungu cha 25. Piga 113, namba ya TAKUKURU, taasisi ya kupambana na rushwa, bila malipo. Tunza ujumbe wote wa simu. Hukukosa heshima kwa kukataa, na kazi inayopatikana kwa njia hiyo haiishi kudai.

Usidhani pia lazima uhamie Dar es Salaam. Treni ya SGR ilipoanza safari za Dodoma mwaka 2024, usaili wa Dar umekuwa jambo la kwenda na kurudi siku hiyohiyo. Kodi ya chumba utakayookoa nunulia maiki nzuri.

Mkataba na video ya kujitambulisha

Ukipata kazi, soma mkataba hadi mwisho ukiwa nyumbani, usisaini ukiwa umesimama mapokezi. Tazama mambo haya kwa jicho kali: mhusika uliyemtunga ni mali ya nani ukiondoka, igizo likirushwa tena au likiuzwa mtandaoni unalipwa nini, unaruhusiwa kuendelea na kazi za u-MC, na kama sura yako inaweza kutumika kwenye tangazo la biashara bila kukuuliza. Hilo la kwanza wengi hulipita, na nimeona dada akiacha kituo akaambiwa jina na kauli alizozitunga jikoni kwao si zake tena. Andika barua fupi kabla ya kusaini: mhusika fulani, jina lake, mavazi yake, kauli zake, nimemtunga mimi tangu tarehe fulani. Wasaini kwamba wameipokea, ubaki na nakala.

Video ya kujitambulisha isizidi dakika tatu. Anza na wewe ukitazama kamera na kusema jina lako, mahali unapoishi na lugha unazozungumza, Kigogo kikiwemo kama unakijua, na usione haya kufungua kwa salamu ya Kigogo, "Mbukwenyi." Fuatisha kipande cha mahojiano ambacho mgeni anazungumza zaidi yako. Kisha igizo moja fupi, kicheko kimoja kilichofika. Vipande hivyo viwili visiunganishwe kwa muziki wala maandishi yanayorukaruka. Acha giza la sekunde moja katikati, ili mwenye kuchagua aone mtu mmoja akifanya kazi mbili. Faili lipe jina lako kamili, na namba ya simu uliyoandika iwe ile inayopatikana hata ukiwa Kondoa.